Maswali ya Wasomaji: Wanaoondoka, Fedha Wanazotuma na Uchumi Wanaouacha

Makala yetu ya mwezi uliopita kuhusu vijana wanaokwenda kutafuta kazi ughaibuni imeleta barua nyingi kuliko nafasi ya safu hii. Nimechagua saba. Nimezifupisha kidogo bila kubadili maana, na majina ya walioziandika nimeyahifadhi, kwa kuwa baadhi yao wameeleza mambo ya ndani ya familia zao.

SWALI: Viongozi wa nchi tajiri husema mara kwa mara kwamba wakizisaidia nchi maskini kuendelea, vijana wa huko watabaki kwao. Nimekuwa nikiwafundisha wanafunzi wangu hivyo hivyo. Lakini nikiwahesabu waliowahi kupita darasani kwangu na sasa wako nje, siwaoni watoto wa mafukara. Naona watoto wa watu wenye nacho kidogo. Je, ninafundisha jambo lisilo kweli? (Mwalimu wa jiografia)

JIBU: Ndugu Mwalimu, ulichokiona darasani ndicho ambacho wachumi walikuja kukithibitisha kwa takwimu baada ya miaka mingi ya kuamini kinyume chake. Kuhama nchi kuna gharama. Kabla mtu hajapokea mshahara wa kwanza wa ugenini, lazima awe amelipia pasipoti, viza, vipimo vya afya, nauli, pengine na masomo ya lugha, na awe na akiba ya kumvusha miezi ya mwanzo. Na kabla ya hayo yote lazima awe amesoma kiasi cha kujua kwamba kazi ipo na namna ya kuiomba. Fukara wa kutupwa hana hata kimoja kati ya hivyo. Ndiyo maana nchi maskini sana inapoanza kukua, idadi ya wanaoondoka huongezeka: shule zimepanuka, kipato kimefikia kiwango cha kulipia safari, na kizazi kikubwa kilichozaliwa wakati vifo vya watoto vilipoanza kupungua kimefikia umri wa kufanya kazi, ilhali ajira zinazolingana na elimu yake bado hazijapatikana.

Mchumi Philip Martin, alipochambua katika miaka ya 1990 athari za mkataba wa biashara huria kati ya Marekani, Kanada na Mexico, aliulinganisha mwenendo huo na nundu: uhamaji hupanda kwanza, hufika kileleni, kisha hushuka. Baadaye mchumi Michael Clemens alionyesha kwa takwimu za nchi nyingi kwamba mteremko huelekea kuanza pale pato la wastani la mtu kwa mwaka, likipimwa kwa uwezo wake halisi wa kununua, linapofikia kati ya dola 6,000 na 10,000 hivi. Wapo watafiti wanaodai kwamba kuzilinganisha nchi mbalimbali kwa wakati mmoja si sawa na kuifuatilia nchi moja kwa miaka mingi, na hoja yao ina uzito. Hata hivyo historia inaiunga mkono nundu. Uswidi ilipoteza zaidi ya watu milioni moja kati ya miaka ya 1850 na 1930, kipindi kile kile ambacho viwanda vyake vilikuwa vikikua. Kutoka Italia waliondoka takriban watu milioni 26 katika karne moja iliyoanza mwaka 1876, ingawa wengi wao walirudi, na leo Italia inapokea wahamiaji.

Mfano ninaoupenda zaidi kwa darasa ni Korea Kusini. Mwaka 1963, ikiwa bado nchi maskini, ilianza kupeleka vijana wake Ujerumani Magharibi kuchimba makaa ya mawe, na wauguzi wakafuata. Kwa jumla walikwenda wachimbaji wapatao 8,000 na wauguzi zaidi ya 10,000. Miaka arobaini na mmoja baadaye, mwaka 2004, nchi hiyo hiyo ilianzisha mfumo rasmi wa kuajiri wafanyakazi kutoka nchi nyingine za Asia, kwa sababu viwanda vyake vidogo na mashamba yake vilikosa mikono. Mwanafunzi anayeelewa safari hiyo ya Korea ameelewa sehemu kubwa ya somo.

Kwa hiyo, Mwalimu, usiache kuwaambia wanafunzi kwamba maendeleo hupunguza uhamaji; waongezee tu kwamba hufanya hivyo baada ya miongo kadhaa, na kwamba kabla ya hapo huuongeza. Binafsi ninasikitika kila ninaposikia shule au zahanati ikitetewa bungeni kwa hoja kwamba itawazuia watu kupanda meli. Zahanati ina haki ya kujengwa kwa sababu kuna wagonjwa. Ikiuzwa kama ukuta, siku watu watakapoendelea kuondoka itaonekana imeshindwa, na fedha zake zitakatwa. Wanafunzi wako wakumbuke pia kipimo chenyewe: kwa hesabu za Umoja wa Mataifa, mwaka 2024 wanaoishi nje ya nchi walizozaliwa walikuwa takriban milioni 304, yaani chini ya watu wanne katika kila mia. Walio wengi duniani hawaendi popote.

SWALI: Kaka yetu yuko nje mwaka wa sita sasa, anafanya kazi ya ujenzi. Kila mwezi hutuma fedha, na mama huandika matumizi yote katika daftari: ada za wadogo zetu wawili, dawa za baba za shinikizo la damu, mabati, mchango wa mazishi. Mjomba, ambaye ni ofisa wa benki, anasema fedha hizi zinaliwa tu na hazijengi uchumi wa nchi. Tumebishana mpaka tumenuniana. Nani yuko sahihi? (Binti wa kwanza wa nyumba hiyo)

JIBU: Dada, nimelifikiria sana daftari la mama yako, kwa sababu limebeba mjadala wote ambao wachumi wameufanya kwa nusu karne. Tulisome mstari kwa mstari. Ada huitwa matumizi katika lugha ya kawaida, lakini matunda yake huonekana miaka kumi baadaye, mtoto aliyesoma anapoingia kazini. Dawa za shinikizo la damu zinamzuia baba asipate kiharusi, na kiharusi kingemtoa mtu mzima kazini na kumfunga mwingine nyumbani kumuuguza. Mabati yamemlipa fundi na msaidizi wake. Mchango wa mazishi haujengi kitu kinachoshikika, ni kweli, lakini umeilinda familia isiuze mali kwa haraka siku ya msiba. Mtu anayesema fedha hizo zinaliwa tu anahesabu kiwanda peke yake kuwa uwekezaji.

Kuna ushahidi mzuri wa jambo hili kutoka Ufilipino. Mgogoro wa fedha wa Asia ulipoanza mwaka 1997, Wafilipino walikuwa wakifanya kazi katika nchi nyingi tofauti, na sarafu za nchi hizo zilikwenda kila moja kwa njia yake. Aliyekuwa akilipwa kwa sarafu iliyofungamana na dola alijikuta mshahara ule ule unabadilishwa kwa peso nyingi zaidi, na aliyekuwa katika nchi ambayo sarafu yake ilianguka pamoja na peso hakupata nafuu hiyo. Familia hazikuwa na uwezo wowote juu ya bahati hiyo, na kwa sababu hiyo mchumi Dean Yang aliweza kuzilinganisha kwa haki. Aligundua kwamba familia zilizobahatika ziliwaweka watoto shuleni zaidi, zikapunguza kuwatumikisha, na zikaanzisha zaidi biashara zinazohitaji mtaji, kama vile usafirishaji. Utafiti mwingine wa Richard Adams na John Page, uliochapishwa mwaka 2005 na kuhusisha nchi 71, ulikadiria kwamba fedha zinazotumwa zikiongezeka kwa asilimia 10 kwa kila mtu, idadi ya wanaoishi katika umaskini hupungua kwa takriban asilimia 3.5.

Fedha hizi zina sifa nyingine ambayo mjomba, kama mtu wa benki, ataielewa haraka. Kwa makadirio ya Benki ya Dunia, nchi za kipato cha chini na cha kati zilipokea takriban dola bilioni 685 mwaka 2024, kiasi kinachozidi uwekezaji wa moja kwa moja kutoka nje na kuzidi kwa mbali misaada ya maendeleo. Mwekezaji akiona hatari huondoa fedha zake. Ndugu akiona hatari huongeza. Mwezi Aprili 2020, janga la UVIKO-19 lilipofunga dunia, Benki ya Dunia ilitabiri kwamba fedha za wahamiaji zingeshuka kwa takriban asilimia 20. Makadirio yaliyotolewa mwaka uliofuata yalionyesha zimeshuka kwa chini ya asilimia 2. Watu waliopunguziwa saa za kazi, walioishi sita katika chumba kimoja, walijinyima wakatuma. Kila ninapozisoma takwimu hizo mbili pamoja, namwona mtu kama kaka yako.

Mjomba naye hana makosa yote, na ningependa umwendee na hili ili mzungumze tena. Watafiti waliolinganisha ukuaji wa uchumi wa nchi na nchi hawajapata uhusiano ulio wazi kati ya wingi wa fedha hizi na kasi ya kukua. Nchini Tajikistan, kwa mfano, fedha za wahamiaji zimefikia karibu nusu ya pato la taifa katika baadhi ya miaka, na bado vijana wanaondoka kwa sababu kazi nyumbani hazijatokea. Fedha nyingi za kigeni zikiingia kwa mkupuo huweza kuipandisha thamani sarafu ya nchi, na hapo bidhaa za mkulima na za kiwanda huwa ghali katika masoko ya nje. Pia serikali huweza kubweteka: familia zikijilipia shule na hospitali, wananchi hupunguza kudai, na waziri hulala usingizi mzuri. Daftari la mama haliwezi kujenga bandari, wala kuleta umeme usiokatika, wala mahakama isiyopokea rushwa, na bila hivyo mtoto aliyesomeshwa kwa fedha za kaka atamaliza chuo na kuanza kutafuta viza. Lawama hiyo, hata hivyo, asibebeshwe kaka. Yeye anailea familia, na kuijenga nchi ni deni la wale waliopewa dhamana ya kodi zetu.

SWALI: Kwa nini kutuma fedha nyumbani kunagharimu kiasi hiki, wakati ujumbe wa simu unafika bure? (Mpishi wa hoteli, ughaibuni)

JIBU: Tufanye hesabu kwanza. Ukituma dola 200 kila mwezi na makato yakawa asilimia 8, kiwango ambacho nchi nyingi za Afrika kusini mwa Sahara zimekizoea, unalipa dola 16 kwa kila safari, na kwa mwaka mzima dola 192. Hiyo ni karibu sawa na mwezi mmoja mzima wa kutuma ambao familia haikuuona. Malengo ya Maendeleo Endelevu ya Umoja wa Mataifa yanataka makato yashuke chini ya asilimia 3 ifikapo mwaka 2030. Kwa kiwango hicho ungelipa dola 72 kwa mwaka na dola 120 zingebaki mikononi mwa watu wako. Bei iko juu kwa sababu ushindani ni mdogo katika njia nyingi, kwa sababu baadhi ya serikali ziliruhusu mikataba ya kuipa kampuni moja haki ya kutumia mtandao wa posta au wa benki peke yake, na kwa sababu benki nyingi huogopa adhabu za sheria za kudhibiti fedha haramu na hivyo hukataa kuwahudumia watumaji wadogo. Jihadhari na tangazo la kutuma bila makato. Faida hufichwa katika kiwango cha kubadilishia fedha, kwa hiyo usiulize unakatwa ngapi. Uliza mpokeaji atashika kiasi gani mkononi, kisha linganisha watoa huduma watatu kwa swali hilo hilo, siku hiyo hiyo.

SWALI: Wakala wa ajira anataka nimlipe kiasi kinacholingana na mshahara wangu wa miezi minane ya huko niendako, ili anipeleke nchi ya Ghuba kuwa dereva. Baba yuko tayari kuweka kiwanja rehani. Je, nikubali? (Kijana wa miaka 24)

JIBU: Mdogo wangu, usikubali kwa masharti hayo, na umwombe baba asisaini chochote. Mkataba wa Shirika la Kazi Duniani namba 181 wa mwaka 1997 unasema wazi kwamba mawakala binafsi wa ajira hawapaswi kumtoza mfanyakazi ada, kwa njia ya moja kwa moja au ya kuzunguka, isipokuwa pale serikali itakaporuhusu kwa sababu maalumu. Nchi nyingi hazijauridhia, na hata zilizouridhia hazisimamii vya kutosha. Lakini kanuni yenyewe ni ya haki: anayehitaji dereva ndiye anayepaswa kulipia gharama ya kumpata.

Nakujibu kwa ukali kidogo kwa sababu deni la kuondokea hubadilisha kila kitu kinachofuata. Anayefika akidaiwa mishahara minane hawezi kumkatalia mwajiri anayemwongezea saa, wala kuondoka akicheleweshewa malipo. Na pale ambapo kibali chake cha ukaazi kimefungwa kwa mwajiri mmoja, chini ya utaratibu unaojulikana kama kafala, hana mlango wa kutokea kabisa. Mkataba ukivunjika mwezi wa tano, kiwanja kimekwenda na mshahara haupo. Hapo uhamaji umeifukarisha familia.

Inawezekana kupanga jambo hili vizuri. Mfumo wa Korea Kusini niliomtajia Mwalimu hapo juu uliwaondoa mawakala binafsi na kuweka makubaliano ya serikali kwa serikali, na gharama walizobeba wafanyakazi zikashuka sana. New Zealand ilianzisha mwaka 2007 mpango wa vibarua wa msimu wa mavuno kutoka visiwa vya Pasifiki, ambapo mwajiri hulipa nusu ya nauli ya kimataifa. John Gibson na David McKenzie walipozifuatilia familia za Tonga na Vanuatu zilizoshiriki, walikuta kipato cha kila mtu katika kaya kimepanda kwa zaidi ya asilimia 30. Kwako wewe, kabla ya yote, dai mkataba wa kazi ulioandikwa kwa lugha unayoielewa, wenye jina la mwajiri, mshahara, saa na siku ya mapumziko. Upeleke wizara inayohusika na kazi waulize kama wakala huyo ana leseni. Akikwambia nafasi itapotea ukichelewa siku tatu, basi iache ipotee.

SWALI: Mimi ni muuguzi. Nimepata kazi katika hospitali ya nchi tajiri. Katika zamu ya usiku ya wiki iliyopita tulikuwa wauguzi wawili kwa wagonjwa arobaini na mmoja. Tulipokuwa tukikunja shuka alfajiri, mwenzangu aliniuliza: "Ukienda wewe, mimi nitabaki na nani?" Tangu siku hiyo silali vizuri. Je, ninaisaliti nchi iliyonisomesha? (Muuguzi, miaka 27)

JIBU: Dada yangu, huisaliti. Lakini swali la mwenzako ni la kweli, na sitalipaka sukari.

Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba dunia itapungukiwa na takriban wahudumu wa afya milioni 11 ifikapo mwaka 2030, na upungufu huo utaziumiza zaidi nchi ambazo tayari zina wachache. Ndiyo sababu nchi wanachama zilipitisha mwaka 2010 kanuni za maadili za kuajiri wahudumu wa afya kimataifa, na mwaka 2023 shirika hilo likaorodhesha nchi 55 ambazo zina uhaba mkubwa kiasi kwamba nchi nyingine hazipaswi kwenda kufanya kampeni za kuwachukua watu wake. Zingatia maneno hayo: kampeni ndizo zinazokatazwa. Haki yako binafsi ya kuomba kazi unakotaka haijaguswa, na ni sahihi kwamba haijaguswa.

Kuna jambo jingine linalosahaulika katika mjadala huu. Katika nchi kadhaa wapo wauguzi waliofaulu mitihani yote na hawana kazi, huku wodi zikiwa tupu za wahudumu, kwa sababu bajeti ya kuajiri haikutengwa. Kumzuia mmoja wao kuondoka hakumpeleki kazini. Mliokuwa wawili kwa wagonjwa arobaini na mmoja mlikuwa wawili kwa uamuzi wa mtu aliyepanga ajira, na uamuzi huo ulikuwapo kabla hujaomba viza.

Upo pia ushahidi kwamba kuondoka kwa baadhi huweza kuongeza idadi ya wanaosomea fani. Marekani ilipofungua milango kwa wauguzi kutoka Ufilipino mwanzoni mwa karne hii, watafiti Paolo Abarcar na Caroline Theoharides waligundua kwamba kwa kila muuguzi mmoja aliyekwenda, wengine tisa zaidi walipata leseni nchini humo, kwa sababu familia ziliona fani hiyo ina mustakabali na vyuo vikapanua nafasi. Nakuomba usiichukue tisa hiyo kama kanuni ya kila mahali. Ufilipino ilikuwa na vyuo binafsi vingi vilivyoweza kupanuka haraka, na karo ililipwa na wazazi. Pale ambapo serikali ndiyo inayolipia, na nafasi za chuo ni chache zisizoongezeka, anayeondoka huacha pengo lisilozibwa.

Swali la nani alipe ni la zamani. Katika miaka ya 1970 mchumi Jagdish Bhagwati alipendekeza kodi maalumu kwa wataalamu wanaohama, ili mapato yarudi kwenye nchi zilizowasomesha; haikutekelezwa. Mimi naegemea zaidi wazo la Michael Clemens, yule mchumi niliyemtaja katika jibu la kwanza, ambalo limetajwa pia katika Mkataba wa Kimataifa wa Uhamiaji uliopitishwa Marrakech mwezi Desemba 2018: nchi inayohitaji wauguzi igharamie mafunzo katika nchi wanakotoka, kwa kundi litakalokwenda na kwa kundi litakalobaki. Hospitali iliyokuajiri imepata muuguzi kamili bila kulipia hata siku moja ya chuo. Deni liko hapo, mezani pao, wala haliko juu ya kitanda chako usiku.

Mwenzako naye anastahili kitu. Kabla hujaondoka, andikeni kwa pamoja barua kwa uongozi mkieleza idadi ya wagonjwa na idadi ya wauguzi kwa kila zamu ya mwezi uliopita, kwa tarehe. Wewe unayeondoka una uhuru wa kusaini wa kwanza.

SWALI: Nimeishi ughaibuni kwa miaka tisa. Jirani yangu mwenyeji, ambaye si mtu mbaya, husema sisi wageni tunashusha mishahara yao. Nimjibu nini? (Dereva wa lori)

JIBU: Sisi tunao msemo, mgeni njoo mwenyeji apone, lakini jirani yako atataka ushahidi. Mwaka 1980, ndani ya miezi michache, Wakuba wapatao 125,000 waliingia Marekani kwa mashua wakitokea bandari ya Mariel, na wengi wao wakabaki Miami, ambako nguvu kazi ya mji iliongezeka ghafla kwa takriban asilimia 7. David Card, aliyekuja kupata Tuzo ya Nobel ya uchumi mwaka 2021, aliilinganisha Miami na miji mingine na hakuona mishahara wala ajira za wenyeji zikiporomoka. George Borjas aliirudia hesabu hiyo miongo kadhaa baadaye akasema wanaume wasiomaliza sekondari waliumia sana. Wengine wakamjibu kwamba kundi alilolichagua lilikuwa dogo mno. Mwambie jirani yako kwamba mabishano hayo yapo, kwa kuwa ukweli nusu hautamshawishi.

Kisha msimulie habari ya nyanya za California. Marekani ilikuwa na mpango wa kuwaleta vibarua wa mashambani kutoka Mexico tangu mwaka 1942, na mwishoni mwa mwaka 1964 ikaufuta kwa nia ya kuinua mishahara ya wenyeji. Clemens na wenzake walipopitia kumbukumbu za mishahara, hawakuona ikipanda kwa sababu hiyo. Wakulima walinunua mashine za kuvuna nyanya, na mazao yasiyokuwa na mashine wakayapunguza. Mwajiri aliyekosa mfanyakazi mgeni ana njia nyingine nyingi kabla hajafikia ile ya kumwongezea mwenyeji mshahara. Anayeumia kweli, mara nyingi, ni mhamiaji aliyetangulia, anayefanya kazi ile ile ya kubeba maboksi; na anayemuumiza zaidi ni mwajiri anayelipa chini ya kiwango kwa sababu anajua mgeni asiye na karatasi hawezi kushtaki. Katika hilo wewe na jirani yako mko upande mmoja.

SWALI: Nimekuwa nje miaka kumi na minne, fundi wa majokofu ya viwandani. Nataka kurudi nifungue karakana na kufundisha vijana. Wenzangu wananiambia nitaliwa. Nirudi au nibaki? (Fundi)

JIBU: Ndugu Fundi, wanaorudi na ujuzi wamebadilisha nchi nzima. Taiwan ilifungua eneo la viwanda vya teknolojia la Hsinchu mwaka 1980, na wahandisi waliokuwa wamefanya kazi Marekani kwa miaka mingi walirudi wakaanzisha kampuni hapo. Morris Chang, aliyeianzisha mwaka 1987 TSMC, kampuni ya kutengeneza chipu za kompyuta, naye alitokea Marekani, ingawa yeye alizaliwa China bara. Lakini wahandisi hao walikuta ardhi imepimwa, umeme upo na taasisi ya utafiti ya serikali inawasubiri. Serikali nyingi huwaita wananchi wao walio nje kwa hotuba nzuri, halafu bandarini vifaa vyao vya kazi vinatozwa ushuru kama bidhaa za anasa.

Kwa hiyo usikate kamba ya nyuma. Mtafiti Douglas Massey ameonyesha kwamba Marekani ilipoukaza mpaka wake na Mexico kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1980, wafanyakazi waliokuwa wakienda na kurudi kwa misimu waliacha kurudi kwao, kwa hofu ya kutoweza kuingia tena. Mwenye uhakika wa kutoka tena hurudi kwa urahisi zaidi. Ukihitimu kupata ukaazi wa kudumu au uraia wa huko, na sheria ya kwenu ikiruhusu, upate kwanza. Uliza kwa maandishi kama michango yako ya pensheni italipwa ukiwa nje ya nchi hiyo. Halafu omba likizo ya miezi mitatu, njoo na vifaa vya kukutosha kazi moja, tafuta mteja mmoja mwenye chumba cha baridi kilichoharibika, na ukitengeneze ukiwa na vijana wawili pembeni yako. Andika kila siku iliyopotea ukisubiri kibali, kipuri au umeme. Mwisho wa miezi hiyo utakuwa na orodha ya gharama halisi za kurudi, na uamuzi utaufanya kwa kuitazama orodha hiyo.